Chuma Kikikatika Ndani ya Mfupa

Kila askari anajua kwamba bunduki ina namba yake. Ikikwama, ikishika kutu au ikivunjika kitako, mtunza ghala haandiki neno moja tu, "mbovu", kisha akafunga daftari. Huandika namba ya silaha, sehemu iliyoharibika na namna ilivyoharibika. Kwa kumbukumbu hiyo fundi hujua la kutengeneza, na makao makuu hujua kama ubovu ni wa bunduki moja au wa shehena nzima.

Utaratibu wa namna hiyo upo pia katika hospitali, nao unamhusu moja kwa moja askari aliyetiwa chuma mwilini ili kushikilia mfupa uliovunjika.

Katika pwani ya Kismayo jambo hili si geni. Tangu serikali kuu ya Somalia ilipoanguka mwaka 1991, mji huo umepiganiwa mara nyingi. Mwishoni mwa Septemba 2012 majeshi ya Kenya na ya Somalia yaliingia humo kuwaondoa wapiganaji wa Al-Shabaab. Majeruhi wa mjini, na wale wa visiwa vya Wabajuni kama Koyama, Chovai na Chula, hutegemea hospitali kuu ya Kismayo, ambayo huduma zake za upasuaji zimepata msaada wa Kamati ya Kimataifa ya Msalaba Mwekundu.

Kanuni ya upasuaji wa vita ni kwamba jeraha la risasi lililo wazi halitiwi chuma ndani mara moja, kwa sababu lina uchafu. Jeraha husafishwa, na mfupa hutulizwa kwa kuvutwa kwa uzito, kwa plasta au kwa vyuma vya nje. Msumari wa ndani ya uboho, au bamba lenye skurubu, huja baadaye, na pengine katika mji mwingine kabisa. Kwa hiyo mtu huweza kujeruhiwa Kismayo, akatiwa chuma Nairobi, kisha akapatwa na maumivu Mombasa, mbele ya daktari asiyemjua.

Na chuma huweza kushindwa. Kazi yake ni kuushika mfupa mpaka uunge. Mfupa usipounga, uzito wote wa mwili hukiangukia chuma, hatua baada ya hatua, na mwishowe hukatika kama waya unaokunjwa na kukunjuliwa mara nyingi.

Shirika la Afya Duniani lina Uainishaji wa Kimataifa wa Magonjwa, ambao humpa karani wa kumbukumbu namba ya kila tatizo. Katika toleo la kumi, lililoidhinishwa mwaka 1990, matatizo ya vyuma vya mifupa yamewekwa katika fungu T84. Chuma kinachoshika mfupa wa mkono au mguu kikikatika, kikihama au kikitokeza, namba yake ni T84.1. Hitilafu kama hiyo ikipata kiungo bandia, kama cha nyonga, ni T84.0. Usaha ukiingia penye chuma cha kushika mfupa, ni T84.6. Chuma kikiwa kizima lakini mfupa wenyewe ukavunjika kwa sababu ya kuwekewa chuma, namba ni M96.6.

Tuseme askari anachechemea, na paja linamuuma. Maumivu ni yaleyale katika hali zote tatu, lakini tiba ni mbalimbali. Chuma kilichokatika huondolewa na mfupa kufungwa upya; usaha hutaka kusafishwa na dawa; mfupa uliovunjika kando ya chuma hutaka mpango mwingine. Karani akiandika S72, yaani kuvunjika paja, basi askari huyo ataonekana kama mtu aliyeanguka jana. Jeraha la vitani litakuwa limefutwa kwa kalamu, na madai yake ya matibabu au fidia yatakosa ushahidi. Uainishaji una namba Y89.1 kwa athari za baadaye za vita. Ikiandikwa pamoja na ile ya hitilafu, huunganisha maumivu ya leo na risasi ya jana.

Faida ya pili ni ya wengi. Hospitali ikiona T84.1 imejirudia kwa wagonjwa waliotiwa vyuma vya aina moja, itauliza: je, chuma ni dhaifu, kilichaguliwa chembamba mno, au wagonjwa waliruhusiwa kutembea mapema? Bila namba swali hilo haliulizwi, na lawama humwangukia mgonjwa.

Toleo la kumi na moja, lililoanza kutumika rasmi Januari 2022, huitenga zaidi habari hii: madhara yaliyompata mgonjwa, kifaa kilichohusika, na namna yalivyotokea.

Namba, hata hivyo, haiwezi kuzidi ukweli ulioandikwa na daktari. Daktari akiandika "maumivu ya mguu" tu, karani hana la kuongeza. Askari naye ana wajibu wake: atunze karatasi ya upasuaji na picha ya eksirei kama anavyotunza kitambulisho. Na kamanda anayemwona askari wake akichechemea tena baada ya kupona, asifanye haraka kumwita mvivu. Huenda kilichovunjika ni chuma, na askari huyo angali akisimama zamu juu yake.