Beki wa Eldoret na Kazi Isiyopimwa kwa Saa

Mwulize kijana yeyote wa Eldoret Eliud Kipchoge alitumia muda gani kule Vienna, atakujibu kabla hujamaliza swali: saa 1, dakika 59 na sekunde 40. Ilikuwa Oktoba 12, 2019. Kesho yake Brigid Kosgei akamaliza Chicago kwa saa 2, dakika 14 na sekunde 4, rekodi mpya ya dunia ya marathoni ya wanawake wakati huo. Katika mji huu nambari kama hizo hukaririwa kama majina ya ukoo.

Siku nne kabla ya mbio za Vienna, Harambee Starlets, timu ya taifa ya kandanda ya wanawake ya Kenya, walikuwa wameing'oa Ghana katika safari ya kutafuta tiketi ya Olimpiki ya Tokyo. Mechi ya kwanza kule Accra iliisha 0-0. Ya marudiano, nyumbani Kenya, ilikwenda hadi muda wa nyongeza na Starlets wakashinda 1-0. Jumlisha mwenyewe: dakika 210, na Ghana, timu iliyokwisha kucheza Kombe la Dunia mara tatu, haikupata bao hata moja. Nambari hiyo sijamsikia mtu akiikariri.

Nimeanza na hesabu kwa sababu nataka kuandika juu ya mchezaji ambaye kazi yake haina hesabu. Ruth Ingosi ni beki. Alikipiga Eldoret Falcons, klabu ya wanawake ya mji huu, kisha akavuka bahari kuchezea Lakatamia nchini Cyprus, na baadaye akarudi Afrika Mashariki kuvaa jezi nyekundu ya Simba Queens jijini Dar es Salaam. Klabu katika nchi tatu, pamoja na timu ya taifa. Hata hivyo, ukitafuta habari zake utakuta wengine wanaandika Ingosi na wengine Ingotsi. Mshambuliaji aliyefika huko asingeachwa na jina lenye tahajia mbili.

Wanaoijua Novemba ya 2019 hawana haja ya kukumbushwa. Mashindano ya wanawake ya CECAFA, ya nchi za Afrika Mashariki na Kati, yalifanyika Dar es Salaam, na Ruth alikuwa katika kikosi cha kocha David Ouma. Starlets waliipiga Ethiopia 2-0, Djibouti 12-0, Uganda 3-0, kisha Burundi 5-0 katika nusu fainali. Fainali wakakutana na wenyeji, Tanzania, mabingwa wa 2016 na 2018, mbele ya mashabiki wao. Jentrix Shikangwa akafunga mawili na kombe likaja Kenya kwa mara ya kwanza. Watu walibeba picha ya Shikangwa, na alistahili. Lakini tazama upande wa pili wa ubao: mechi tano, mabao ya kufungwa sifuri. Timu inayofunga 24 inasifiwa kwa yale 24. Ile sifuri nayo ilitolewa jasho, na jasho hilo lilikuwa la nahodha Dorcas Shikobe na mabeki wenzake, pamoja na kipa nyuma yao.

Uzito wa sifuri ile unaonekana ukirudi nyuma miaka mitatu. Mwaka 2016, Kenya ilipoingia Kombe la Mataifa ya Afrika la wanawake kwa mara ya kwanza, kule Cameroon, ilifungwa 3-1 na Ghana, 3-1 na Mali na 4-0 na Nigeria. Mabao 10 katika mechi tatu. Ghana ile ile, mwaka 2019, haikupenya kwa dakika 210. Katikati ya tarehe hizo hapakuwa na muujiza. Wasichana walijifunza kusimama.

Ndiyo, kusimama. Mtazamaji wa kawaida hudhani beki mzuri ni yule anayeteleza kwenye majani na kufagia mpira kwa kishindo, jukwaa zima likapiga makofi. Mimi huamini kinyume chake. Beki anayeteleza mara kwa mara ni beki aliyechelewa. Yule hodari kaptura yake hubaki safi, kwa sababu alipiga hatua mbili kushoto wakati mpira ungali katikati ya uwanja, na pasi iliyokuwa ije huko haikuja tena. Kazi yake nyingine ni mdomo. Beki wa kati huongea dakika zote 90: humwambia wa pembeni apande au arudi, humwita kiungo ashuke, huinua mkono mstari mzima usogee mbele ili mshambuliaji aachwe ameotea. Mmoja akisahau kusogea, nusu hatua tu, mtego wote umevunjika. Na kosa moja linatosha. Straika akikosa nafasi nne akafunga ya tano, huyo ni shujaa. Beki akiokoa mara ishirini akateleza mara moja, watu watakumbuka hiyo moja hadi Krismasi.

Nafikiri Eldoret ina sababu ya kuzaa watu wa namna hii. Mji uko zaidi ya mita 2,000 juu ya usawa wa bahari, na mapafu yaliyokulia hapa hayachoki upesi. Zaidi ya hayo, watoto wa mitaa ya Langas, Huruma na Munyaka wamekua wakiwaona wanariadha barabarani alfajiri, siku baada ya siku, bila shabiki wala kamera. Mazoezi bila makofi hapa ni jambo la kawaida. Tatizo ni kwamba mwanariadha hatimaye hufika mahali penye saa na utepe, beki wetu hafiki. Msichana mwenye miguu katika mji huu huulizwa kwanza anakimbia mbio gani. Akijibu kwamba anacheza kandanda, swali la pili ni amefunga mabao mangapi.

Njia ya Cyprus haikuwa ya Ruth peke yake. Annette Kundu, kipa aliyetoka Eldoret Falcons hiyo hiyo, naye alikwenda Lakatamia, kitongoji cha mji mkuu Nicosia. Klabu moja ya kaunti yetu ya Uasin Gishu ikawa imetoa kipa na beki kwa klabu moja ya Ulaya. Kwangu hilo ni jambo kubwa kuliko lilivyoandikwa. Kipa na beki ni kama mpishi na mkaa, kuelewana kwao hujengwa kwa miaka, na msingi wa kuelewana huko ulijengwa hapa hapa nyumbani.

Kisha kuna miaka iliyopotea, na hapa siwezi kuandika kwa upole. Oktoba 2021 Starlets waliitandika Sudan Kusini 8-0 na 7-1 katika mechi za kufuzu Kombe la Mataifa ya Afrika. Raundi ya pili walikuwa wakutane na Uganda. Mechi hizo hazikuchezwa. Serikali ilivunja uongozi wa Shirikisho la Kandanda la Kenya Novemba 2021, timu ikaondolewa mashindanoni, na Uganda ikapita kwenda kwenye fainali kule Morocco bila kutoa jasho. Februari 2022 FIFA ikaifungia Kenya, na kifungo hicho hakikuondolewa hadi Novemba. Wakubwa walikuwa na ugomvi wao, huenda wenye haki upande mmoja au mwingine. Lakini mchezaji ana miaka michache tu ya ubora wake, na hakuna ofisi inayoweza kumrudishia mmoja. Waliokuwa tayari mwaka 2021 walingoja mpaka Oktoba 2025, chini ya kocha Beldine Odemba, Kenya ilipoishinda Gambia 3-1 na 1-0 na kufuzu tena baada ya miaka tisa. Bao moja tu la kufungwa katika mechi mbili.

Simba Queens iliwakusanya Wakenya kadhaa, Shikangwa na kiungo Corazone Aquino wakiwemo, na Ruth akawa miongoni mwao. Kwa hiyo alirudi kufanya kazi katika jiji lile lile alikotwaa kombe la 2019. Mashabiki waliokuwa wakimzomea katika jezi ya Kenya wakawa wanamshangilia katika nyekundu. Huo ndio mshahara halisi wa uchezaji wa kulipwa: unaishi kwa kazi ya miguu yako, na waliokuwa wapinzani wanajifunza jina lako.

Eldoret ilipandishwa hadhi kuwa jiji Agosti 2024, la tano nchini. Jiji linaloweza kuzipa barabara na viwanja majina ya wanariadha linaweza pia kuweka daftari la wasichana wake wa kandanda: nani alicheza, mwaka gani, alikwenda wapi, na jina lake linaandikwaje. Nawe msomaji, Falcons wakicheza nyumbani, nenda ukawaone. Ukifika, kwa dakika kumi tu usiufuate mpira. Mtazame beki wa kati, mahali anaposimama na anavyoinua mkono, kisha uwaeleze wenzako ulichokiona.