Mgogoro wa Kiwanja: Mipaka ya Polisi

Watu wawili wanapodai kiwanja kimoja, wengi hukimbilia polisi. Tunakukumbusha kuwa nchini Tanzania polisi hawana mamlaka ya kuamua nani ni mmiliki. Wao hushughulikia jinai: kughushi hati, vitisho, shambulio au kuharibu mali kwa makusudi. Matendo hayo yaripoti mara moja.

Suala la umiliki lipeleke Baraza la Kata, ambalo tangu 2021 husuluhisha tu. Usuluhishi usipofanikiwa ndani ya siku 30, fungua shauri katika Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya.

Tunakushauri utunze mkataba wa mauziano na stakabadhi zote. Ukiitwa kituoni, itikia wito. Lakini usitie saini ahadi ya kuhama kwa sababu ya hofu.