Popova za Jibini: Mvuke Ndio Hamira Yake

Wengi wetu tuingiapo katika maduka makubwa ya mjini huiona jibini imepangwa ndani ya jokofu, tukasoma bei yake, kisha tukaendelea na safari yetu kwenye rafu ya mayai na unga. Hatuna kosa. Jibini ni ghali, na katika nyumba ambayo baba au bibi ameshaambiwa na daktari apunguze chumvi na mafuta, huonekana kuwa ni anasa yenye hasara mara mbili. Hata hivyo kipo kitafunio kimoja cha chai ya Jumapili ambacho kipande kidogo cha jibini, gramu 30 tu, hutosha kuwaridhisha watu sita. Na jambo la ajabu ni kwamba kadiri unavyokipunguzia mafuta, kwa kiasi, ndivyo kinavyozidi kuinuka.

Kitafunio hicho huitwa popova. Jina ni la Kimarekani, na maana yake ni kitu kinachochupa kikavuka kingo. Ndivyo kifanyavyo. Uji mwepesi wa unga, mayai na maziwa humiminwa katika kibati hadi kupita nusu kidogo, ukaingizwa katika oveni yenye moto mkali, na baada ya nusu saa na ushei umeshachupa juu ya kibati, umetuna, nje una ganda kavu la rangi ya dhahabu na ndani ni uwazi mtupu. Hakuna hamira wala beking pauda. Wako wapishi wanaoongeza beking pauda wakidhani wanaisaidia popova. Kazi yake hapa siioni.

Popova ni mtoto wa pudini ya Yorkshire, chakula cha kaskazini ya Uingereza. Huko watu walikuwa wakiweka bati la uji wa unga na mayai chini ya nyama inayobanikwa, ili mafuta yanayodondoka yasipotee bure. Bibi Hannah Glasse aliichapisha namna ya kuipika katika kitabu chake cha mwaka 1747. Yasemekana kwamba katika nyumba za watu wa kipato kidogo pudini hiyo ilitangulia mezani pamoja na mchuzi, ili matumbo yatulie kabla nyama kidogo iliyopo haijagawanywa. Wahamiaji waliivusha bahari, na mwaka 1876 popova ikatokea katika kitabu cha mapishi cha Mary Henderson wa Marekani. Jibini ilizoeleka baadaye, na pamoja nayo ikazoeleka tabia ya kutia siagi nyingi, mayai mengi na maziwa yenye malai yote. Hapo ndipo chakula kilichobuniwa ili kuokoa matone ya mafuta kilipogeuka kuwa chakula kizito.

KINACHOINUA NI NINI?

Tusiguse bakuli kabla ya kulielewa jambo hili, maana popova zikianguka, mayai na jibini vimekwenda na maji. Kinachoinua popova ni mvuke. Maji yaliyomo ndani ya maziwa na mayai yakifikia nyuzi 100 za joto hugeuka mvuke, na mvuke huo hutaka nafasi zaidi ya mara 1,600 ya ile waliyokuwa nayo maji. Kijiko kimoja cha chai cha maji, kikigeuka mvuke wote, chaweza kujaza ndoo ya lita 8. Nguvu hiyo ndiyo inayousukuma uji juu.

Lakini mvuke peke yake ungetoroka. Huzuiwa na utando wa unga wa ngano, ule ule unaoifanya chapati isukumike bila kupasuka. Utando hunyumbuka, mvuke unautunisha kama mtoto anavyopuliza puto, na wakati huo huo utomvu wa mayai unaiva na kugandisha kuta. Kuta zikishakauka, popova imesimama. Ikitolewa kabla ya hapo, mvuke unapoa na kurudi kuwa maji, na popova inanywea mbele ya macho yako.

Sasa angalia mafuta yanafanya nini katika mambo hayo. Huupaka unga na kuudhoofisha utando. Jibini nyingi nayo huyeyuka, ikazama chini ya kibati kwa uzito wake, ikashika na kuungua. Kwa hiyo mpishi anayetia gramu 100 za jibini na vijiko vitatu vikubwa vya siagi anafunga mzigo mgongoni mwa kitu anachotaka kiruke.

KIPI CHA KUPUNGUZA NA KIPI CHA KUACHA

Mafuta ya yai, gramu 5 hivi, yote yamo katika kiini. Ute mweupe hauna mafuta, nao ndio hodari wa kugandisha kuta. Lakini tahadhari: ukiondoa viini vyote, ganda hutoka gumu na lililopauka, halina ladha, na watoto watakuachia mezani. Viini viwili katika popova 6 ni kiasi cha haki.

Maziwa, tumia yale yaliyopunguzwa mafuta; kama unanunua maziwa mabichi, yachemshe, yaache yapoe, kisha uengue malai yaliyoelea juu. Usibadilishe maziwa yote kwa maji, kwani sukari ya asili iliyomo katika maziwa ndiyo inayosaidia kulipa ganda rangi yake nzuri.

Katika jibini, chagua iliyo ngumu na iliyokaa muda mrefu, namna ya Parmesan, ambayo ukali wake husikika hata ikiwa kidogo. Njombe pia hutengenezwa jibini za namna ya Kiitaliano, na kipande cha ile iliyo ngumu kinafaa sana. Jibini laini na changa itakulazimu kutia nyingi ili uisikie, na hapo faida yetu imepotea. Kumbuka kwamba jibini ngumu ina chumvi ya kutosha. Shirika la Afya Duniani linashauri mtu mzima asipite gramu 5 za chumvi kwa siku nzima, yaani takriban kijiko kimoja cha chai, pamoja na ile iliyojificha ndani ya mkate na mchuzi. Chumvi ya kuongeza katika popova, basi, iwe ya kuchotwa kwa vidole viwili tu, na kama mwenye shinikizo la damu yumo mezani, acha kabisa. Pilipili manga itajaza nafasi.

Kwa hesabu ya jumla, popova moja iliyopikwa kwa siagi na jibini tele hubeba kama gramu 15 za mafuta. Hizi zetu ni kama gramu 5.

KUPIKA

Kwa popova 6 tayarisha unga wa ngano kikombe kimoja, yaani gramu 125. Maziwa yaliyopunguzwa mafuta mililita 250. Mayai mazima 2 na ute wa yai la tatu. Jibini ngumu iliyokunwa laini gramu 30, sawa na vijiko vikubwa vitano au sita visivyojazwa. Mafuta ya kupikia vijiko viwili vya chai. Pilipili manga, na chumvi kidogo ukipenda.

Mayai yasitoke kwenye jokofu yakaingia bakulini moja kwa moja. Yaache yapoteze baridi, na maziwa yapashe yawe vuguvugu, kwa sababu uji baridi hupoteza dakika za kwanza za moto ukijipasha badala ya kutoa mvuke. Piga mayai na ute mpaka yafanye povu, tia maziwa, kisha chekechea unga na pilipili manga, ukikoroga mpaka mabuje makubwa yatoweke. Uzito wake uwe kama wa chapati za maji. Ukiinua mwiko, utiririke bila kukatika. Funika, uache utulie nusu saa. Usiione nusu hiyo ya saa kuwa ni ya bure, maana unga unanywa maziwa na utando unalegea ili unyumbuke vizuri. Ndiyo nafasi ya kuandaa chai na kuwasha moto.

Washa oveni ifikie nyuzi 230. Ingiza vibati vitupu vipate moto pamoja nayo. Vibati vyenye kina hufaa kuliko vipana, kwa kuwa uji hauna njia isipokuwa ya juu. Uji ukiwa tayari, toa vibati kwa uangalifu, pakaza mafuta kwa brashi, mimina uji upite nusu kidogo, nyunyiza jibini juu, na urudishe haraka. Ukisikia uji unalia unapogusa bati, umefanya sawa.

Acha dakika 20. Punguza moto hadi nyuzi 180, uongeze dakika 15 nyingine. Katika muda huo wote mlango wa oveni usifunguliwe. Nalirudia hili kwa sababu ndilo linaloharibu popova nyingi kuliko kosa lolote la vipimo: mtu anafungua achungulie, hewa baridi inaingia, mvuke unapoa, kuta bado ni laini, na kila kitu kinakaa chini. Waambie na watoto. Ikiwa umeme wa mtaani kwenu ni wa kukatika-katika, usianze popova saa ambayo umezoea kuukosa, kwani dakika 20 za kwanza hazina mbadala.

Zikishaiva, choma kila moja kwa ncha ya kisu ubavuni ili mvuke utoke, uzirudishe dakika 5 katika oveni iliyozimwa. Bila kufanya hivyo, mvuke uliobaki utazilainisha kutoka ndani.

WASIO NA OVENI YA UMEME

Nyumba nyingi za mijini bado huoka kwa jiko la mkaa, sufuria chini na makaa juu ya mfuniko, kama tunavyooka mkate wa mayai. Popova haikatai njia hiyo, ila inadai moto mkali tangu mwanzo, wakati mkate wa mayai unapenda moto wa taratibu. Tumia sufuria kubwa na nzito yenye mchanga mkavu chini, ufunike na kupalia makaa juu kwa muda wa nusu saa kabla ya kuingiza chochote, makaa ya juu yakiwa mengi kuliko ya chini. Kupima moto, weka bati lenye kijiko cha unga mkavu ndani ya sufuria. Ukigeuka kahawia iliyokoza katika dakika tano hivi, moto umeshika. Baada ya hapo vibati vipate moto, uji uingie, na mfuniko usiguswe. Kupunguza moto ni kuondoa sehemu ya makaa ya chini. Usitazamie kimo kile kile cha oveni, wala moto ulio sawa pande zote. Lakini ganda na uwazi wa ndani vinawezekana.

Wasomaji wa Mbeya, ambao wako zaidi ya mita 1,600 juu ya usawa wa bahari, wana jambo moja la ziada. Huko maji huchemka kabla ya kufikia nyuzi 100, hivyo mvuke huwahi kabla kuta hazijapata nguvu. Ongeza kijiko kikubwa kimoja cha unga, na dakika chache mwishoni.

Popova huliwa moto. Ipasue, ujaze kachumbari ya nyanya na vitunguu, au mchicha uliokaangwa kwa mafuta kidogo, na kwa watoto inatosha yenyewe na chai ya maziwa. Kupaka siagi ndani ni kurudisha kwa mlango wa nyuma kile tulichokitoa kwa mlango wa mbele. Zikibaki, zisifungwe katika mfuko wa plastiki zingali moto. Ziache zipoe kabisa, na jioni zipashe dakika 5 katika moto wa wastani ili ganda likauke tena.

Kile kiini cha yai la tatu ulichokitenga, kifunikie kijiko cha maji ndani ya kikombe ili kisikauke, ukiweke mahali pa baridi. Kesho asubuhi kitie katika unga wa maandazi.