Kalenda katika Ulimwengu wa Kubuni: Funzo kutoka Kisii na Nyamira

Kalenda ni mpango wa kuugawa wakati katika siku, juma, mwezi na mwaka. Jua na mwezi huenda kwa kanuni ambazo binadamu hawezi kuzibadilisha, lakini mahali pa kuanzia kuhesabu huteuliwa na jamii. Kwa sababu hiyo, mtunzi wa fantasia anayebuni kalenda hatoi pambo tu. Hudokeza watu wa ulimwengu wake wanafanya kazi gani, wanaamini nini na wanaishi upande gani wa dunia. Makala haya yanafafanua hoja hiyo kwa kulinganisha kalenda moja mashuhuri ya kubuni na hesabu za wakati zinazokutana Kisii na Nyamira, magharibi mwa Kenya.

Kalenda hiyo ni ile ya Shire, nchi ya kubuni katika riwaya ya The Lord of the Rings ya J. R. R. Tolkien, iliyochapishwa mwaka 1954 na 1955. Mwaka wa Shire una miezi 12 ya siku 30 kila mmoja, yaani siku 360. Siku 5 zinazobaki haziingizwi katika mwezi wowote: 2 huwekwa kwenye mpaka wa mwaka mmoja na mwingine, na 3 katikati ya mwaka. Aidha, siku ya katikati kabisa haipewi jina la siku ya juma. Hivyo hubaki siku 364, ambazo ni majuma 52 kamili, na kila tarehe huangukia siku ileile ya juma mwaka hadi mwaka.

Kwa msomaji wa Kiswahili, muundo huo si mgeni hata kidogo. Mwaka wa jua wa Waswahili, unaoanza kwa Nairuzi na ambao kumbukumbu yake huadhimishwa hadi leo Makunduchi, Unguja, katika sherehe za Mwaka Kogwa, ulihesabiwa kwa miongo 36 ya siku 10 kila mmoja, kisha zikaongezwa siku 5. Neno mwongo, ambalo leo hutumiwa zaidi kwa miaka 10, lina mizizi katika hesabu hiyo ya siku. Mabaharia, wavuvi na wakulima wa pwani waliihitaji kwa sababu pepo za kaskazi na kusi hufuata jua, ilhali mwaka wa Kiislamu hufuata mwezi mwandamo na hupungukiwa na mwaka wa jua kwa siku 11 hivi.

Hata hivyo, kufanana kwa hesabu si kufanana kwa maana. Tolkien aliishi na kufundisha Oxford, Uingereza, ambako mchana wa Juni huzidi saa 16 na ule wa Desemba haufiki saa 8. Katika nchi ya namna hiyo, katikati ya mwaka ni tukio linaloonekana kwa macho. Mji wa Kisii haufiki hata nyuzi 1 kusini mwa Ikweta. Tofauti kati ya mchana mrefu na mfupi kuliko yote huko haifiki dakika 10. Mtunzi wa Kinyamira anayewafanya wahusika wake washerehekee siku ndefu ya kiangazi atakuwa ameazima sikukuu pamoja na jua lake.

Wala haitoshi kuazima kutoka pwani. Kaskazi na kusi havimwongozi mkulima wa Nyamira. Mwaka wake huongozwa na mvua, ambayo Ekegusii huiita embura: ile kubwa ya Machi hadi Mei na nyingine ya Septemba hadi Novemba. Mahindi na wimbi vina msimu wa kupanda na kuvuna. Majani chai, kinyume chake, huchumwa mwaka mzima, na kwa mkulima aliyeyategemea, alama kuu ya mwaka ni malipo ya bonasi ambayo kwa kawaida hutolewa karibu na Oktoba. Nayo tohara ya wavulana hufanyika hasa Novemba na Desemba, shule zinapofungwa. Hivyo mvua, kiwanda na shule vimekuwa watungaji watatu wa kalenda moja.

Lugha nayo ina hesabu zake. Jumamosi ni siku ya mosi kwa anayeanza kuhesabu baada ya Ijumaa, kama walivyofanya Waislamu wa pwani walioipa jina. Kwa Waadventista, ambao ni wengi Kisii na ambao kituo chao cha Nyanchwa kinajulikana sana, siku hiyohiyo ni Sabato, siku ya saba. Kadhalika, Mfunguo Mosi ni mwezi wa kwanza baada ya mfungo wa Ramadhani, ingawa ni wa 10 katika mwaka wa Kiislamu. Kwa upande mwingine, Kiswahili na Ekegusii hukutana katika jambo moja: mwezi na omotienyi kila kimoja hutaja mwanga wa angani na pia kipindi cha mwaka.

Shaaban Robert alikwisha kuonyesha katika Kusadikika (1951) kwamba Kiswahili kinaweza kuibeba nchi nzima ya kubuni. Anayefuata njia hiyo akijenga ulimwengu unaofanana na nyanda za juu za Kisii na Nyamira anahitaji kujibu maswali matatu kabla ya kuipa miezi majina: watu wake wanangoja nini, nani huwatangazia kwamba kimefika, na hesabu inaanzia wapi? Majibu ya swali la kwanza yangali vinywani mwa wazee waliopanda wimbi kabla ya chai kuenea. Wakiondoka bila kuulizwa, mtunzi atabaki na Januari hadi Desemba, na ulimwengu wake utakuwa wa kubuni kwa jina tu.