Je, Wajua? Silinda ya Nta Inaweza Kugeuza Wimbo wa Ngoma Kuwa Kilio

Mwaka 1906, moto wa vita vya Majimaji ukiwa haujazimika kabisa, Mjerumani Karl Weule wa makumbusho ya Leipzig alishuka Lindi, akapita Masasi, kisha akapanda Uwanda wa Makonde hadi Newala. Misheni ya Masasi ilikuwa imechomwa mwaka uliotangulia. Ndani ya mizigo waliyobeba wapagazi wake mlikuwa na kamera ya picha zinazotembea na fonografu, mashine ya kunasa sauti. Weule alikuja kukusanya mila, vyombo na nyimbo za Wamakonde, Wamakua, Wayao na majirani zao.

Ukiisikiliza rekodi ya enzi hizo leo, moyo huingia simanzi. Sauti ni nyembamba, inatoka mbali, inayumbayumba, na nyuma yake kuna mchakacho usiokatika. Utadhani mwimbaji yuko matangani. Lakini je, wajua kwamba huenda alikuwa akiimba wimbo wa kuchezesha unyago, na huzuni yote hiyo ikawa imetiwa na mashine?

Fonografu ilibuniwa na Thomas Edison mwaka 1877. Ile waliyobeba wasafiri haikutumia umeme wala maikrofoni. Mwimbaji alisogeza uso hadi kwenye mdomo wa pembe ya bati, akaimba humo. Mawimbi ya sauti yalisukuma kiwambo chembamba mwishoni mwa pembe, kiwambo kikasukuma sindano, na sindano ikachimba mfereji kwenye silinda ya nta iliyokuwa ikizunguka. Silinda yenyewe ilienea kiganjani: urefu wa sentimita 11 hivi, upana usiofika sentimita 6. Mfereji haukuyumba kushoto na kulia kama wa santuri. Ulipanda na kushuka, kina kikiongezeka na kupungua kufuata sauti. Uchicha wa nta ulipeperushwa, sindano nyingine ikawekwa, na mtu akasikia sauti yake hapo hapo. Silinda ya kawaida ilibeba dakika 2 tu.

Sasa huzuni inaingiaje? Ina milango mitatu.

Wa kwanza ni pembe. Kila pembe ina mlio wake wa asili: sauti fulani inazipokea na kuzikuza, nyingine inazimeza. Wimbo ukipita humo hutoka na mvumo wa uwazi ambao koo la mwimbaji halikuutoa.

Wa pili ni ngoma. Mashine ile ilikuwa dhaifu mno kwa sauti nzito za chini. Mdundo wa ngoma kubwa, ambao ndio unaoinua miguu uwanjani, ulifika kwenye nta ukiwa mnong’ono, au haukufika kabisa. Hata waitikiaji waliosimama nyuma walififia. Mwimbaji aliyezungukwa na umati anasikika yuko peke yake.

Mlango wa tatu ndio mpana kuliko yote, nao ni wakati. Silinda ilizungushwa na springi iliyotiwa ufunguo kwa mkono, na kasi yake iliweza kubadilishwa. Kasi iliyozoeleka ilikuwa mizunguko 160 kwa dakika, lakini mtafiti mwenye wimbo mrefu na silinda fupi aliweza kuipunguza ili wimbo wote uingie. Springi nayo ikilegea, mwanzo na mwisho wa wimbo mmoja hunaswa kwa kasi mbili tofauti.

Fonografu haitenganishi kasi na sauti. Chukua wimbo ulionaswa kwa mizunguko 160, kisha msikilizaji akidhani kasi ilipunguzwa, aucheze kwa mizunguko 120. Dakika 2 zinakuwa dakika 2 na sekunde 40, na sauti inashuka robo nzima ya mitetemo yake. Mwanamke anaanza kusikika kama mwanamume. Kigelegele kinageuka mbweu. Aliyewahi kusikiliza redio kaseti ambayo betri zake zinakufa anaujua ugonjwa huu: taarabu ya harusi inaburuzika kama inaomboleza.

Wataalamu wa Berlin waliliona tatizo hili mapema. Carl Stumpf alianzisha hapo hazina ya sauti mwaka 1900, na tangu 1905 ikaongozwa na Erich von Hornbostel. Rekodi za Weule ziliingia katika hazina hiyo. Dawa waliyoipendekeza kwa wasafiri ilikuwa filimbi ndogo yenye sauti moja tu, ya mitetemo 435 kwa sekunde. Msafiri aipulize ndani ya pembe kwanza, ndipo mwimbaji aanze. Huko Berlin, msikilizaji angerekebisha kasi mpaka filimbi irudie sauti yake halisi. Hapo na wimbo ungekuwa umerudi kwenye mwendo wake. Silinda isiyo na filimbi ni saa isiyo na akrabu: inakwenda, ila huwezi kujua inasema nini.

Nta huliwa na ukungu, hulainika kwa joto na hupoteza mfereji kidogo kila inapochezwa. Kwa hiyo Berlin walizitengenezea silinda nyingi kalibu za shaba ili nakala zipatikane. Baada ya Vita Kuu ya Pili sehemu kubwa ya hazina ilichukuliwa na Warusi, ikafika Leningrad, kisha Berlin Mashariki, na mwaka 1991 ikarejeshwa ilikotoka. Mwaka 1999 UNESCO iliiingiza katika orodha yake ya Kumbukumbu ya Dunia.

Filimbi isipokuwepo, kipimo kilichobaki ni mguu. Wazee wa Newala wanaozijua ngoma zao wanaweza kusikia wimbo na kusema kama mwendo huo unachezeka. Mchezaji hawezi kuining’iniza hatua hewani asubiri mdundo uliochelewa. Ndiyo maana mwenye kusikiliza nyimbo hizi akiwa maabara peke yake hupungukiwa kitu.

Simu ya leo haina ugonjwa wa springi. Ndani yake mna kipande cha kwatsi kinachotetema kwa kipimo kisichoyumba, na wakati hauburuziki. Lakini simu haijui anayeimba ni nani, ngoma inaitwaje wala inachezwa lini. Ukimrekodi bibi, mwache aanze kwa kuyataja hayo mwenyewe. Ndiyo filimbi yetu.