Hadithi Inayojisimulia: Mwisho Wake na Ukweli Wake

Masimulizi yanayojirejelea ni yale ambayo, miongoni mwa mambo yanayoyaeleza, yamo yenyewe: msimulizi anamtaja mhusika ambaye naye anasimulia kisa kilekile kinachosikilizwa, na ndani ya kisa cha mhusika huyo yumo mhusika mwingine afanyaye vivyo hivyo. Wahakiki wa fasihi wana njia zao za kuyachambua, lakini maswali mawili ya msingi, yaani kama hadithi ya namna hiyo inaweza kufika mwisho na kama inaweza kujisemea kweli bila kujikana, ni ya kihisabati. Hakuna somo lenye jina rasmi linaloyashughulikia, hivyo nadharia yake haina budi kuundwa kwa vipande vilivyochongwa na watu ambao hawakuwa wakifikiria ngano hata kidogo.

Swali la mwisho wa hadithi ndilo jepesi. Ikichukuliwa kwamba msimulizi wa Liuli, katika mwambao wa Ziwa Nyasa, ana kisa cha dakika 60, ambacho dakika 40 anazisimulia mwenyewe na 20 zilizobaki anamwachia mhusika wake, mvuvi, akisimulie kisa hichohicho kizima, basi mvuvi huyo hana njia ila kukifupisha hadi theluthi moja, na mvuvi aliyemo katika kisa cha mvuvi naye vivyo hivyo. Dakika 40, zikijumlishwa na theluthi yake, kisha theluthi ya theluthi hiyo, na kuendelea bila kikomo, hutoa dakika 60 kamili. Huu ndio mfululizo wa jiometri, ambao namba zake, kila moja ikiwa sehemu ileile ya iliyoitangulia, huwa na jumla yenye kikomo hata kama idadi yake haina. Kinachoiokoa hadithi ni ufupisho, kwa kuwa msimulizi anayekataa kupunguza neno hata moja anadai saa nzima ienee ndani ya sehemu ya saa hiyohiyo. Ni kweli kwamba mvuvi wa tano anabakiwa na sekunde 15 hivi za kusimulia kila kitu, na hapo hisabati huendelea mahali ambapo ulimi umekwisha kuchoka.

Jambo hilohilo huonekana wazi zaidi katika ramani, mfano ambao mwanafalsafa wa Marekani Josiah Royce aliutumia mwishoni mwa karne ya 19, alipofikiria ramani kamilifu ya Uingereza iliyochorwa juu ya ardhi ya Uingereza. Ramani ya Wilaya ya Nyasa, iliyomegwa kutoka Mbinga mwaka 2012, ikitandikwa mezani Mbamba Bay kwa kipimo cha 1:50,000, nayo imo ndani ya eneo inaloliwakilisha; kwa hiyo, ili iwe kamili, ingepaswa kujichora yenyewe, na kama upana wake ni mita 1, picha yake ingekuwa na upana wa milimita 0.02, yaani mdogo kuliko unene wa unywele, na ndani ya picha hiyo kuna picha nyingine. Mwaka 1922 mwanahisabati wa Poland, Stefan Banach, alithibitisha kanuni ambayo kutokana nayo ipo nukta moja, na moja tu, ya karatasi hiyo inayolala juu ya mahali halisi inapopawakilisha. Hiyo huitwa nukta tuli. Katika hadithi, nukta tuli ni dakika ambayo msimulizi na wavuvi wake wote wanaielekea kwa pamoja, pale kinachosimuliwa na tendo la kusimulia vinapokutana.

Hata hivyo msikilizaji anahitaji kujua yuko ngazi ipi, na mapokeo yalikuwa na chombo cha kazi hiyo kabla ya wanahisabati. Mwito wa “Paukwa!” hufungua ngazi kama mabano yafunguavyo hesabu, na maneno ya kumalizia huifunga; masimulizi yamepangika iwapo vifungo havizidi vifunguo mahali popote na vinalingana navyo mwishoni. Mhusika akiita “Paukwa!” na watoto walioketi mkekani wakaitikia “Pakawa!”, wamejibu mwito ambao haukuelekezwa kwao, na kwa muda huo mpaka wa ngazi mbili umefutika. Msimulizi hodari huutumia mfutiko huo makusudi.

Swali la ukweli ni gumu zaidi, ingawa lawama nyingi zinazotupiwa kujirejelea hazina msingi. “Sentensi hii ina maneno matano” inajisema na ni kweli. “Sentensi hii haina maneno matano” nayo inajisema, na ni uongo wa kawaida usiomsumbua mtu. Mwaka 1931 Kurt Gödel alionyesha kwamba hata hesabu za kujumlisha na kuzidisha zinaweza kujizungumzia, kila sentensi ikipewa namba yake. Matata huanza sentensi inapotamka uongo wake yenyewe, “Sentensi hii si kweli”, kwani ikiwa kweli ni uongo, na ikiwa uongo ni kweli. Mwaka 1933 Alfred Tarski wa Poland alihitimisha kwamba lugha yenye uwezo wa kutosha haiwezi kuueleza ukweli wa sentensi zake zote bila kujikana, na kwamba hukumu hiyo inahitaji lugha ya juu, yaani lugha inayoizungumzia ile ya kwanza.

Wilayani Mbinga mpango huo si mgeni, kwani ngano inaweza kusimuliwa kwa Kimatengo huku msikilizaji akinong’ona kwa Kiswahili kwamba mzee anatia chumvi, na kauli yake ikabaki salama kwa kuwa haimo katika lugha ya ngano. Hapa tofauti ya lugha inaonyesha tu mipaka ya ngazi. Ngazi mbili zingeweza kuwepo hata ndani ya Kimatengo peke yake. Lakini mzee akijibu kwa Kiswahili hichohicho kwamba manong’ono ya msikilizaji nayo ni sehemu ya ngano, lugha ya juu imeshushwa na kuwa lugha ya kisa, na anayetaka kuamua nani anasema kweli atalazimika kupanda ngazi nyingine, ambayo nayo inaweza kumezwa vivyo hivyo, kwa kuwa katika mpango wa Tarski ngazi ya mwisho haipo.