Matangazo ya programu: maneno yanafanana, ahadi zinatofautiana

Kampuni za programu za simu na kompyuta huandika upya matangazo yao mara kwa mara ili yaonekane mapya. Njia ya mkato ni kutoa neno na kuweka lingine linalofanana nalo: "haraka" inakuwa "upesi", "rahisi" inakuwa "nyepesi". Hapo hakuna hasara. Hatari huanza pale neno linapobeba ahadi kwa mnunuzi.

Ulaya iliona jambo hilo mwaka 2014. Wazazi walilalamika kwamba michezo ya simu iliyotangazwa kuwa ya "bure" iliwaletea malipo, kwani watoto walinunua vitu ndani ya mchezo. Tume ya Ulaya iliingilia kati. Google ilikubali kuacha neno "bure" kwa michezo ya aina hiyo. Mwezi Novemba mwaka huo, Apple nayo iliondoa "bure" kwenye kitufe cha duka lake la programu na kuandika "pata". Maneno hayo mawili yanakaa mahali pamoja, lakini "pata" haisemi lolote juu ya bei.

Zoom nayo ilikutana na shida ya neno. Ilitangaza kwamba mikutano yake inafungwa kwa siri toka mwanzo hadi mwisho, yaani wanaozungumza peke yao ndio wenye ufunguo. Mwezi Novemba 2020, tume ya biashara ya Marekani, FTC, ilisema kwamba Zoom yenyewe ilibaki na funguo ambazo zingeweza kuiruhusu kuona mazungumzo. "Imefungwa kwa siri" na "imefungwa toka mwanzo hadi mwisho" si kitu kimoja.

Hata kwa anayetaka tu kuonekana kwenye utafutaji wa intaneti, ujanja huu haulipi. Kanuni za Google zinahesabu kuwa udanganyifu kunakili maandishi ya wengine na kubadilisha maneno machache kwa yanayofanana.

Kwa msomaji wa Goma ama Bukavu, funzo liko karibu. Tangazo likisema "pakua bure", halijasema "tumia bure": mega zinalipwa, na huduma ndani ya programu inaweza kulipwa pia. Anayeandika tangazo upya naye ajiulize swali moja kabla ya kubadilisha neno: je, mteja akidai kile neno jipya linachosema, kampuni itaweza kumpa?